Barua Niliyompa Mungu Bila Kutoa Nakala

Kwa zaidi ya miaka thelathini kazi yangu ilikuwa kutunza barua za watu wengine. Nilikaa masjala, katika ofisi moja ya umma mjini Moshi, chumba cha mwisho kwenye korido, chenye dirisha linaloutazama mlima siku zile mlima unapokubali kutazamwa. Barua ikiingia niliigonga muhuri wa tarehe, nikaiandika kwenye rejista, nikaitoboa, nikaifunga ndani ya jalada lake na kuipa namba. Namba hiyo sisi tunaiita folio. Kila aliyeletwa kufanya kazi chini yangu nilimfundisha mambo mawili kabla hata ya kumwonyesha choo kilipo. La kwanza, barua isiyo na nakala ni uvumi. La pili, ukitoa karatasi jaladani usiache pengo: weka mahali pake kipande cha karatasi ya pinki, uandike umetoa nini, umempa nani na lini. Vipande vile nilikuwa nikivikata mwenyewe kutoka kwenye fomu za zamani zilizokwisha kazi, na wenzangu walinitania kwamba nikifa watanifunika kwa karatasi ya pinki.

Ndiyo maana siku ilipokuja barua ya kuniita kwenye rufaa yangu, mzee wangu, baba wa watoto wangu, alicheka mpaka akaweka kikombe cha chai chini.

"Hebu soma tena," akasema.

Nikasoma tena. Tume inayosikiliza rufaa za watumishi ingekaa Moshi baada ya wiki tatu. Mrufani, ndiye mimi, alitakiwa kufika na barua halisi iliyompandisha cheo kuwa Msaidizi wa Kumbukumbu Mkuu. Asipofika nayo, rufaa ingetupwa na shauri lisingefunguliwa tena.

"Na barua yenyewe iko wapi?"

"Unajua iko wapi."

"Ninajua. Nataka nikusikie ukisema."

"Nilimpa Mungu," nikasema.

Akachukua kikombe chake, akaenda kucheka nje, kwenye migomba, ambako hakuna wa kumkemea.

Ilikuwa hivi. Mwaka mmoja kabla sijastaafu, mkuu wetu wa ofisi aliniita chumbani kwake, akanipa bahasha ya kaki mkononi, akanishika mkono kwa mikono yake miwili. Nilifungua hapo hapo. Nikasoma mstari wa kwanza kwamba anafurahi kuniarifu, nikaona neno Mkuu mbele ya cheo changu, na macho yakajaa maji. Sikusoma zaidi. Nikarudisha karatasi ndani ya bahasha na kumwambia, "Mzee, Jumapili hii parokiani kwetu ni siku ya mavuno. Karibu uje unisindikize kushukuru." Akasema atakuja, na alikuja.

Jumapili ya mavuno kwetu mlimani ni siku ya kupendeza. Watu hupanda kanisani na kahawa, mahindi, maziwa kwenye kibuyu, kuku aliyefungwa miguu anayeitikia nyimbo kuliko kwaya. Wale ambao mavuno yao hayakutoka shambani huleta bahasha: matokeo ya mtihani ya mtoto, barua ya ajira, cheti cha hospitali kinachosema uvimbe haupo tena. Bahasha hizo huwekwa kwenye kikapu mbele ya altare, katekista hutangaza shukrani ya kila mmoja, padri huombea. Baada ya Misa, vyakula vyote hupigwa mnada pale uwanjani.

Mimi nilipeleka vyote viwili, mkungu na bahasha. Mkungu ulikuwa wa mshare, ndizi zetu za mtori, ule ambao mzee wangu alikuwa ameutegemeza kwa mti miezi miwili akiulinda kama mwana. Niliukata alfajiri akiwa anakamua ng'ombe. Aliuona kanisani mbele ya watu wote, na wakati wa mnada alijaribu kuununua tena. Mkuu wangu wa ofisi akapandisha dau. Mzee wangu akapandisha. Mkuu akapandisha tena, na mkungu ukaondoka kwenye buti la gari lake. Kwa habari hiyo mzee wangu ameniomba maelezo mara nyingi.

Kuhusu bahasha, watu wenye akili huweka nakala. Nami nilijua. Asubuhi ile nilisimama sebuleni, bahasha mkononi, nikajiambia kwamba duka la kutoa nakala halifunguliwi Jumapili. Lakini ukweli si duka. Ukweli ni kwamba niliona haya. Mungu amenipa cheo halisi, mimi nimpe nakala? Kitu kilichowekwa mbele ya altare hakirudi nyumbani, hivyo ndivyo bibi yangu alivyonilea. Nikaiweka bahasha kikapuni kama ilivyokuwa, nikarudi bencheni nikijisikia mwepesi kama msichana.

Mshahara haukubadilika. Sikushtuka. Nimeona vyeo vingi vikitangulia na mishahara yake ikifuata nyuma kama kilema, na kwa miaka mingi ni mimi niliyekuwa nikiwatuliza wenzangu: subirini, itakuja. Nikajituliza na mwenyewe. Nikastaafu nikiwa bado ninajituliza. Nilipopewa karatasi zangu za kustaafu, cheo kilichoandikwa kilikuwa kile cha zamani.

Nikamwandikia mwajiri kwa adabu. Jibu lilikuwa la mistari mitatu, na wa mwisho ulisema hakuna kumbukumbu yoyote katika jalada la mtumishi huyu kwamba aliwahi kupandishwa cheo. Sitadanganya kwamba pensheni haikunihusu, kwa maana dawa za presha hazipokei shukrani. Ila mstari ule ulinigusa mahali pengine. Mtu aliyetunza kumbukumbu maisha yake yote anaambiwa hana kumbukumbu. Tena kwa lugha laini anaambiwa ni mwongo. Mkuu aliyenishika mkono alikuwa amekwisha kurudi mkoani kwao, na Mungu alikuwa amemwita; apumzike kwa amani. Nikakata rufaa ndani ya siku zilizotajwa, nikaendelea kusubiri. Kusubiri ninakuweza.

Basi, baada ya mzee wangu kumaliza kucheka, nilijifunga kanga nikapanda parokiani kumtafuta katekista. Ni mzee kuliko sisi, amefundisha komunyo ya kwanza kwa watoto, kisha kwa watoto wa watoto hao. Nilimkuta nyuma ya sakristia akichagua mbegu za maharage.

"Tumsifu Yesu Kristo, mwalimu. Shikamoo."

"Milele amina. Marahaba, mama wa masjala. Umekuja kunisaidia maharage au umeleta shida?"

"Nimeleta shida. Zile bahasha za shukrani za siku ya mavuno, baadaye huwa mnazipeleka wapi?"

"Hatuzifungui," akasema upesi, kana kwamba nimemshtaki. "Ni maneno ya mtu na Mungu wake. Zinakaa kabatini pamoja na matawi ya mitende."

"Kwa hiyo zipo?"

"Zinakaa mpaka Kwaresima inapokaribia. Matawi tunayachoma kupata majivu ya Jumatano ya Majivu. Na bahasha tunazichoma humo humo. Sala haitupwi jalalani."

Nikakaa kwenye kigogo. Akanitazama, akatazama maharage, akanitazama tena.

"Ya kwako ilikuwa na nini?"

"Cheo changu, mwalimu."

Akafikiri kidogo. "Jumatano ile ulikuja kupakwa majivu?"

"Nilikuja."

"Basi cheo ulivalishwa," akasema. "Kwenye paji la uso. Wakubwa wengine huwa wanavaa begani."

Ningependa kuandika kwamba nililia. Nilicheka mpaka maharage yakamwagika, na tukayaokota wote wawili kwa magoti, tukiwa tunafanana na watu waliopewa kitubio. Wakati wa kuokota ndipo aliposema, kama jambo dogo, kwamba hata hivyo daftari lipo.

"Daftari gani?"

"La shukrani. Unadhani natangaza kwa kichwa? Na usipoandika nani amenunua nini mnadani, kesho mtu anakataa kuku."

Lilikuwa daftari kubwa la mistari, limefungwa kwa uzi wa gunia. Akalifungua akilowesha kidole kwa ulimi, jambo ambalo kule masjala ningemkatia mkono. Ukurasa ulikuwa huu: tarehe ya Jumapili ile, na kwa mwandiko wake wa kulala, kwamba mama wa masjala anamshukuru Mungu kwa kupandishwa cheo kuwa Mkuu, anakipokea kwa moyo mnyenyekevu na kuomba nguvu za kukitumikia, ameleta bahasha na mkungu wa mshare. Upande wa pili: mkungu umenunuliwa na mkuu wake wa ofisi.

"Utakuja Moshi na hili daftari, mwalimu?"

"Nitakuja nalo, ila halitoki mikononi mwangu. Nimesikia mahakamani vitu vinaingia havitoki."

"Si mahakama, ni tume."

"Hata huko," akasema.

Siku yenyewe tuliteremka watatu, mimi, mzee wangu na katekista, kwa gari la jirani anayepeleka ndizi Himo, kisha tukashika basi la Moshi. Katekista alilibeba daftari ndani ya mfuko wa sukari. Ukumbi ulikuwa na meza ndefu, wajumbe watatu, na mwenyekiti, mama wa makamo mwenye miwani ya kamba. Mwajiri aliwakilishwa na mwanasheria, binti mdogo kuliko mwanangu wa mwisho. Kabla ya chochote alinijia.

"Shikamoo, mama."

"Marahaba, mwanangu. Umekunywa chai?"

"Bado, mama."

"Basi usinipige sana kwa njaa."

Akacheka, kisha akaenda mahali pake akanipiga kama alivyofundishwa. Barua ya kupandishwa cheo haipo kwa mrufani. Katika jalada haipo. Kisichokuwepo hakiwezi kudaiwa. Alimaliza kwa dakika chache, na kwa kweli nilimpenda, maana alizipanga hoja zake kwa mfuatano kama folio.

Mwenyekiti akanigeukia. "Mama, barua unayo?"

"Sina, mheshimiwa."

"Ilipotea?"

"Haikupotea. Ninajua iliko."

Nikaeleza. Nilipofika kwenye majivu, mjumbe mmoja alijifunika mdomo kwa kalamu na mwingine akatazama dari kwa muda mrefu. Mwenyekiti hakucheka, ila alivua miwani akaifuta, ingawa haikuwa na vumbi.

"Una lingine la kusema?"

Nilikuwa na ombi moja. Nilitaka kuliona jalada langu. Watu wa masjala hatugusi majalada yetu wenyewe. Yanatunzwa chumba kingine na mtu mwingine, na katika miaka yote ile sikuwahi kulifungua la kwangu hata kwa bahati mbaya. Mwanasheria hakupinga. Likaletwa. Nililipokea kama mtu anavyopokea mtoto wa jirani, nikaanza na karatasi ya karibuni, kwa sababu ndiyo hukaa juu. Nikateremka namba kwa namba: sitini na tano, sitini na nne, sitini na tatu. Kisha karatasi ya pinki. Kisha sitini na moja.

"Mwanangu," nikamwambia mwanasheria, "hii uliiona?"

"Niliiona, mama. Nilidhani ni ya kutenganisha tu."

Kipande changu. Mkasi wangu, ukingo uliopinda kidogo kushoto kama nilivyokuwa nikikata siku zote. Mwandiko ulikuwa wa mwenzangu mmoja wa masjala ya siri, yaliko majalada ya watumishi, niliyemfundisha na akanitania kuliko wote. Mwenyekiti aliniambia nisome kwa sauti. Nikasoma: folio ya sitini na mbili, barua ya kupandishwa cheo kuwa Msaidizi wa Kumbukumbu Mkuu, pamoja na nakala yake. Imetolewa kwa mhusika. Asaini nakala kukubali cheo, airudishe ndani ya siku thelathini.

Na tarehe ilikuwa Alhamisi, siku tatu kabla ya Jumapili ya mavuno.

Bahasha ilikuwa nene! Nilikumbuka vidole vyangu vikiihisi. Ndani yake kulikuwa na barua yangu na nakala ya ofisi, ambayo nilipaswa kuisaini na kuirudisha ili cheo kianze kufanya kazi. Sikuisoma mpaka mwisho. Mimi, niliyewakimbiza watumishi kwenye korido wasaini nakala zao, nilikuwa nimechukua barua pamoja na nakala ya serikali nikavitoa sadaka vyote viwili. Hakuna aliyenidhulumu. Ofisi ilikuwa ikinisubiri mimi, na mimi nilikuwa nikiisubiri ofisi, kila mmoja kwa uvumilivu mkubwa.

Nilisema hivyo hivyo mbele ya tume. Kama ningenyamaza ningewezaje kupokea komunyo?

Mwanasheria akasimama, safari hii taratibu. "Mheshimiwa mwenyekiti, tunakubali sasa kwamba barua ilikuwepo. Lakini mrufani mwenyewe amesema hakurudisha nakala. Cheo ambacho mtumishi hakukikubali ndani ya siku thelathini hakimwangukii kwa nguvu. Hakukikubali." Akanitazama kwa huruma. "Samahani, mama."

"Usijali, mwanangu, ni kweli," nikasema, na nikaanza kukusanya kanga yangu. Niliona limekwisha. Nilianza hata kushukuru kwamba angalau sikuwa mwongo.

Ndipo katekista akasimama bila kuitwa, mfuko wa sukari mkononi.

"Alikikubali," akasema. "Nilimsikia. Parokia nzima ilimsikia."

Mwenyekiti akamwuliza yeye ni nani, akaeleza. Akaulizwa ana nini, akatoa daftari, akalifungua kwenye ukurasa ule, akalishika kwa mikono miwili mwenyekiti asome akiwa amelishika yeye. Mwenyekiti akasoma mara ya kwanza kimya. Mara ya pili akasoma kwa sauti: anakipokea kwa moyo mnyenyekevu na kuomba nguvu za kukitumikia.

"Tarehe ni siku tatu baada ya barua," akasema.

"Mheshimiwa," mwanasheria akasema, "kukubali kulitakiwa kumfikie mwajiri. Kanisa si mwajiri."

"Ni kweli." Kidole cha mwenyekiti kikavuka kwenda upande wa pili wa ukurasa, kikasimama. "Huyu mkuu wa ofisi aliyenunua mkungu, ndiye huyo aliyesaini barua?"

"Ndiye," nikasema.

"Shukrani ilipotangazwa alikuwepo?"

"Alikaa benchi la mbele," akasema katekista. "Nilimpa mimi kiti cha wageni akakikataa."

"Kuna mwingine aliyemwona?"

Kutoka nyuma mzee wangu akasimama, kofia mkononi. "Mimi nilimwona, mheshimiwa. Nilishindana naye mnadani na akanishinda. Mkungu ulikuwa wangu."

Hapo ukumbi wote ulicheka, na mwanasheria akakaa chini akicheka pamoja nasi, akiwa amejifunika uso kwa faili lake.

Uamuzi haukutolewa siku ile. Uliletwa baada ya wiki kadhaa, kurasa nne, nami niliusoma mpaka mwisho, mara mbili, na muhuri nikausoma. Tume ilisema kwamba karatasi iliyomo ndani ya jalada la mwajiri mwenyewe inathibitisha barua ilikuwepo. Kwamba mrufani alikosea kutorudisha nakala. Lakini alitamka kukubali cheo hadharani, ndani ya siku zilizowekwa, mbele ya yule yule aliyempa, na tamko hilo liliandikwa wakati ule ule na mtu asiye na maslahi. Rufaa imekubaliwa. Kumbukumbu zirekebishwe. Mzee wangu alitaka kujua kama wameandika chochote kuhusu mkungu. Walikuwa wameandika, aya ya kumi na moja. Akaniomba nimsomee aya hiyo peke yake, na majirani walipokuja kutupongeza akaomba nisome tena.

Barua mpya nilienda kuichukua mwenyewe. Nilisaini nakala ya ofisi pale pale dirishani, nikamtazama binti wa masjala akiitoboa na kuifunga, na yeye akaninyooshea kile kipande cha pinki kilichokuwa kimekaa mahali pa sitini na mbili. Akasema nichukue kama kumbukumbu. Nikamwambia kumbukumbu hukaa jaladani.

Jumapili ya mavuno ilipofika nilipanda kanisani na bahasha. Ndani yake safari hii kulikuwa na barua halisi peke yake. Nakala zilikuwa nyumbani sandukuni, nyingine kwa binti yangu anayeishi Shirimatunda, mjini Moshi, na moja ndani ya misale yangu, kitabu changu cha Misa. Nimejifunza, lakini sijajifunza kumpa Mungu nakala. Katekista aliipokea mlangoni, akaipima mkononi, akanikazia macho.

"Ni halisi?"

"Ni halisi, mwalimu."

Akaiandika kwenye daftari, akaitangaza, padri akaiombea. Baada ya Misa akanifuata uwanjani, akairudisha mkononi mwangu.

"Rudi nayo," akasema. "Ya kwanza Mungu ameshaisoma."

Sikubishana, kwa kuwa mnada ulikuwa umeanza, na mzee wangu alikuwa mbele kabisa, kofia juu, akipandisha dau la mkungu wa mshare ambao hakuna mwingine aliyekuwa akiugombea.